Eti mbwa wangu mbishi? Uzoefu wangu na mkufunzi wa "kaa hapo"

Ndani ya nyumba huyu mkufunzi simlaumu. Mbwa alikuwa ametulia kwenye mkeka kama maji ya mtungini, hata mlango ukigongwa. Kwa hilo nilishamwandalia nyota nne.

Shida ikaja tulipotoka nje. Siku ya kwanza tu, kando ya barabara, pikipiki zinapita, akaamuru "kaa hapo", akampa mgongo na kutembea hatua kama kumi. Mbwa akainuka. Jamaa akaivuta kamba ya shingoni hadi mnyama akakohoa, kisha akanigeukia: "Mbwa wako mbishi."

Mbishi wapi! Mbwa aliyefunzwa sebuleni tu, kwake amri ni pamoja na ule mkeka na ule ukimya. Ukibadilisha mahali, unaanza karibu na sifuri: sekunde 2 au 3, wewe uko hatua 1 mbele yake, kipande cha zawadi kinaingia mdomoni kabla hajawaza kuinuka. Muda, umbali na vishawishi haviongezwi pamoja. Ukipandisha kimoja, vingine unavishusha. Yeye alipandisha vyote kwa mpigo. Na kabla ya barabara kuna korido, kuna kizingitini mlango ukiwa wazi, kuna uani. Akifaulu mara 4 kati ya 5, songa mbele. Akivunja mara 2 mfululizo, rahisisha, usipaze sauti.

Kilichoniudhi zaidi ni zawadi. Biskuti kavu zile zile za ndani, wakati nje kuna harufu za kila aina! Hapo panahitaji kuku wa kuchemsha, vipande vya ukubwa wa punje ya hindi. Halafu alikuwa anamwita mbwa aifuate zawadi. Yaani unamlipa kwa kuinuka! Zawadi unampelekea palepale alipokaa, ndipo unamwachia kwa neno moja lisilobadilika, "haya" kwa mfano.

Kamba nayo iwe ya mita 5 hivi, ifungwe kwenye mkanda wa kifuani, ilale chini imelegea. Kazi yake ni kuzuia asitoroke. Si ya kumnyonga.

Basi nikasema nyota tatu, maana ya ndani aliyafundisha vizuri. Lakini si akaniambia nilipie kozi nyingine, ya "mbwa wagumu"? Moja. Na hiyo moja ni ya mkeka.