Kivuko cha Lahani: daraja safi, vifaa vya kukodi hovyo

Lahani hakuna jiwe wala udongo. Kila kinachoonekana kule ni sauti inayopigwa mahali fulani. Ikikatika, kitu kinatoweka na aliyekikalia anaanguka. Kwa hiyo usikipime kivuko hiki kwa ukarimu wa wahudumu (wakavu kweli), bali kwa jinsi wanavyotuni, yaani wanavyoziweka sauti mahali pake. Kwa hilo tunakipa nyota nne kati ya tano. Ya tano imeliwa na vifaa vyao vya kukodi.

Mgeni aijue kwanza kanuni ya rangi. Chukua hezi za sauti (mitetemo yake kwa sekunde), uziongeze maradufu mara 40, nawe utakuwa umefika kwenye mawimbi ya mwanga. Noti ya la, ya hezi 440, inatoka rangi ya chungwa. So ya 392 ni nyekundu, ti ya 494 ni kijani chenye umanjano, do ya 523 kijani kibichi, re buluu, mi urujuani. Sauti iliyo chini ya fa ya hezi 349 huendelea kurudufiwa mpaka iangukie kwenye safu hii, maana jicho linaona takriban oktava moja tu ya mwanga, yaani umbali kutoka mtetemo hadi maradufu yake. Wanakwaya wawe macho hapa: do ya Lahani haihami. Aliyezoea kuihamisha kila wimbo unapobadilisha ufunguo atakanyaga ubao ambao haupo.

Daraja lina mbao saba, na ule wa kwanza ndio unaowaangusha wengi. Ni wa fa ya hezi 349, sauti inayodondokea chini ya wekundu, nje kabisa ya uwezo wa macho. Ubao upo, hauonekani. Inama, nyoosha kiganja. Penye joto ndipo penye ubao. Wahudumu hulitaja jambo hili mara moja tu, tena harakaharaka, wakati mgeni bado anafunga viatu. Wasiosikia huruka moja kwa moja kwenda kwenye nyekundu, na hatua hiyo ni ndefu kuliko inavyoonekana.

Adhuhuri ndipo fundi hujulikana. Mbao zinapigwa na filimbi, kamba za kushikia zinapigwa na nyuzi, na joto huzitenganisha. Hewa ikipata joto, sauti husafiri kwa kasi zaidi na filimbi hupanda: kutoka nyuzijoto 20 hadi 30, ile ya 440 hufika karibu 447. Nyuzi za chuma hutanuka, zikalegea, zikashuka kidogo. Hapo ubao na kamba za rangi moja huanza kugombana, mwanga ukawa unapepesa kwa idadi ya hezi zinazowatofautisha. Tofauti ya hezi mbili ni mipepeso miwili kwa sekunde. Mtu mwepesi anaweza kukanyaga wakati wa kung'aa. Saba kwa sekunde, usithubutu. Vivuko vingine hufunga mchana kutwa. Hapa wanavuta kiungo cha filimbi nje kidogo kidogo kadiri joto linavyopanda, bomba linarefuka, sauti inarudi mahali pake. Kazi nzuri sana, na ndiyo sababu pekee inayotosha kuwachagua.

Toka darajani hadi nyumba ya wageni kuna njia mbili za manjano, na kwa macho huwezi kuzitofautisha. Ya kushoto ni manjano halisi, sauti moja ya hezi 466. Ya kulia imeungwa kwa so na do kwa pamoja, kwa sababu mwanga mwekundu na wa kijani vikikutana jicho husoma manjano. Mpigaji mmoja akipumzika kuvuta pumzi, nusu ya njia imeondoka. Beba mche wa kioo, kile cha pembetatu kinachotenganisha rangi za mwanga: manjano halisi hupita humo ikabaki mstari mmoja, ya kuungwa hupasuka mistari miwili. Asiyetofautisha nyekundu na kijani ategemee sikio tu. Njia halisi ina sauti moja. Kibao cha kuonya hakuna, jambo lisilo na udhuru.

Sasa hivyo vifaa. Uma za sauti wanazokodisha, vile vyuma vya meno mawili vinavyogongwa ili kutunia, zimeangushwa na kupigwa tupa ovyo. Tupa ikila ncha, sauti hupanda. Ikila shina la meno, hushuka. Kabla ya kupokea uma wako, ugonge pamoja na uma mkubwa wa mapokezi, kisha sikiliza sauti inavyojaa na kupungua. Ikijaa zaidi ya mara moja kila sekunde mbili, urudishe. Usikubali kuambiwa utazoea. Bora uje na wako.

Malipo ni sauti moja ya koo lako, inayowekwa rehani mpaka siku ya kuondoka. Wataomba la. Kataa, utaihitaji kutunia kila kitu. Toa ile ya juu kabisa ambayo huitumii. Kama umeshawapa la, siku ya kuipokea iimbe mbele ya ukuta mweupe. Ikitoka rangi ya chungwa, sawa. Ikitoka nyekundu, wamekurudishia ya nusu toni chini, karibu hezi 415, pengine ya mgeni mwingine. Wakishafunga daftari hawabadilishi.

Vyumba ni vya kawaida, kuta zinashikiliwa na mlio mmoja wa usiku kucha. Omba chumba mbali na wakoromaji: koromo la hezi 98 ni so iliyoshushwa oktava mbili, na litaupaka ukuta wako wekundu hadi alfajiri. Chakula kina rangi nyingi kuliko ladha. Tusipoteze muda hapo.

Ukumbi wa ngoma wanaousifia sana una sauti yenye ukali wa desibeli 100 karibu na jukwaa. Sikio lisilozibwa linavumilia dakika 15 tu kwa siku. Ukirudi nyuma mpaka desibeli 94 unapata saa nzima. Vizibo vya nta wanavigawa bure mlangoni, lakini kwenye kikapu kilicho nyuma ya mlango, kwa hiyo ufunge kwanza ndipo utakiona.