Saanane: safari hii tulienda kwa ajili ya mijusi

Wadau wa Mwanza, kama unakaa hapahapa mjini na hujawahi kuvuka kwenda Saanane, kile kisiwa cha hifadhi ndani ya Ziwa Victoria, tafuta jumamosi moja uende, na usiende kutafuta swala tu, nenda ukaangalie mijusi.

Mie nimeenda na wanangu wawili na mtoto wa dada. Boti inaondokea Capri Point, mnavalishwa maboya, dakika chache mshafika. Malipo kwa kontrol namba so simu iwe na chaji. Hifadhi yenyewe ndogo, kilomita za mraba 2.18 na kubwa yake ni maji, ila msiidharau, bustani ya wanyama ya kwanza Tanzania ilianzia hapo 1964 na tangu 2013 ni hifadhi ya taifa kamili.

Sasa ukipanda kwenye yale mawe asubuhi jua likianza kuchoma ndo utamwona dume la mjusi, kichwa na mabega mekundu ya kuelekea pinki, huku nyuma bluu nzito mpaka mkiani, kakaa kwenye jiwe la juu kabisa anapiga pushapu. Anawaambia madume wengine hapa pana mwenyewe. Majike ni kahawia tu, wamefanana na jiwe mpaka wasogee ndo unajua kumbe kulikuwa na kitu. Jina lake la kisayansi ni Agama mwanzae, yani wa Mwanza, mtaalamu wa wanyama watambaao Loveridge ndo alimwandika hivyo 1923. Aisee nimezaliwa Mwanza na sikujua tuna mjusi mwenye jina letu! Wanangu hawakujua pia, yule mdogo wa miaka 7 nyumbani akiona mjusi anatafuta jiwe la kumrushia, siku hiyo alikaa kimya karibu nusu saa anamwangalia anavyodaka sisimizi. Dada aliyetuongoza hakutuharakisha hata kidogo, aliwaambia watoto ukimkimbiza anashtuka na ile rangi inafifia, tulia uone. Wakatulia kweli. Kwa hilo tu nampa nyota zote tano.

Chini karibu na maji tukakuta kenge anaota jua, mtoto wa dada akapiga kelele "mamba!", nikamwambia ndo maana wanasema kwenye msafara wa mamba na kenge wamo. Na huyo kenge ndo mwizi wa mayai ya mamba. Mamba nao wapo, watoto wasichezee maji pembeni.

Nilichokitaka sana na sikukiona ni kobe chapati, yule bapa mwenye gamba laini. Ukimsogelea hajikunyati kama kobe wengine, anakimbia anajibana kwenye ufa wa jiwe. Na wa kwanza kuandikwa na wanasayansi, 1903, alitoka Busisi, hapo tu ng'ambo ya daraja jipya la Kigongo-Busisi! Leo IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi, wanamhesabu kati ya walio hatarini kabisa kutoweka, maana anataga yai moja moja tu na watu wanabomoa mawe kumkamata wamuuze nje, mpaka 2019 CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea pori, ukamuweka kiambatisho cha kwanza, chenye ulinzi mkali kuliko vyote.

Nasema haya kwa uchungu kwa sababu kuna hoteli moja ya ufukweni tulikula mwezi uliopita, wamemuweka kobe wa hivyo kwenye kiboksi cha zege, hana jiwe la kujificha, wateja wanampiga picha na kumrushia chipsi. Nikamuuliza mhudumu akasema bosi kanunua kwa vijana. Kibali? Akacheka. Jamani kufuga mnyamapori bila kibali ni kosa, na yule kobe alikuwa anakwaruza ukuta muda wote tuliokula. Sijarudi pale na sirudi.

Saanane nendeni mapema, saa tatu asubuhi muwe mshavuka, bebeni maji na kofia. Saa saba mawe yanaunguza na mijusi wote wameshaingia kwenye nyufa.