Duka la dawa za mifugo, Nachingwea: nyota nne kati ya tano

Ukanda wa Nachingwea na Liwale una mbung'o wa kutosha, na dawa ya nagana, ugonjwa wa ng'ombe unaoenezwa na mbung'o hao, inauzwa karibu kila kona. Duka hili la jirani na stendi linayazidi mengine kwa jambo moja: haliuzi daiminazini, dawa yenyewe ya nagana, kabla ya kuuliza uzito wa mnyama. Usipoujua, unaazimwa utepe wa kukadiria uzito, wa kuzungushia kifua, nyuma tu ya miguu ya mbele, ng'ombe akiwa amesimama sawasawa.

Wako sahihi kung'ang'ania hilo. Pakiti ndogo ya gramu 2.36 ina daiminazini gramu 1.05, dozi ya ng'ombe wa kilo 300. Inakorogwa kwa mililita 12.5 za maji yaliyochemshwa yakapoa, unapata kama mililita 15. Kila kilo 100 ni mililita 5, sindano ya ndani ya msuli. Wafugaji wengi huigawa kwa madume mawili ili kubana matumizi. Hapo vimelea havifi vyote, na vinavyosalia ndivyo vinavyoizoea dawa. Baada ya muda ng'ombe anakonda tena, manyoya yamesimama, ufizi umepauka. Mwenye punda haruhusiwi kuondoka nayo mpaka aongee na ofisa mifugo, maana punda haivumilii kama ng'ombe.

Sindano ya kinga, isometamidiamu, hukaa miezi 2 hadi 4 kutegemea wingi wa mbung'o. Wanakutahadharisha mapema kwamba huacha uvimbe. Kwenye dawa ya kuogesha, wanasisitiza miguu na tumbo, kwani mbung'o hung'ata zaidi huko.

Nyota moja wameipoteza kwenye huduma ya kuchoma sindano. Kibanio, kizimba chembamba cha kumtuliza ng'ombe, hakuna. Ng'ombe anafungwa kamba kwenye mkorosho, anarusha mateke, sindano inapinda, nusu ya dawa inaishia kwenye ngozi. Utepe wote ule unakuwa kazi bure. Jeshi la Roma, karibu miaka 2000 iliyopita, lilikuwa na veterinarium, sehemu ya kutibia wanyama ndani ya kambi, na waganga wa farasi na nyumbu. Wenye ua mkubwa hivi wanashindwaje kusimika magogo machache?

Chanjo ya mdondo wa kuku, aina ya I-2, ipo pia: tone moja jichoni, unarudia kila miezi 3. Njoo na chombo chenye barafu, wao hawatoi.