Huduma ya filamu iliyokata miguu katika "Minato no Nihon Musume"

Huduma moja ya kutazama filamu mtandaoni, ambayo nimekuwa nikiilipia kila mwezi bila kunung'unika, hivi karibuni iliweka filamu hii ya Kijapani isiyo na sauti ya mwaka 1933, kazi ya mwongozaji Hiroshi Shimizu. Nilifurahi mno, hadi nilipogundua kwamba picha yake, ambayo kwa asili inakaribia mraba, imekatwa juu na chini ili ijaze skrini pana za siku hizi.

Sunako, binti wa shule huko Yokohama aliyekuwa akivaa sare ya kibaharia pamoja na rafiki yake Dora, anampiga risasi kanisani mwanamke aliyemchukulia mpenzi wake Henry, kisha anatoroka. Anaporudi miaka mingi baadaye, amevaa kimono na anaishi kwa kuuza mwili, na Henry, yule kijana wa pikipiki, ameshamwoa Dora na kutulia. Sunako anawatembelea, anacheza dansi na Henry, na uzi wa kufumia wa Dora unafumuka na kuwazonga miguuni. Uzi huo ndio ndoa yenyewe, ndio maisha ya heshima ambayo Sunako ameyakosa na Henry hawezi tena kuyakimbia. Katika nakala hii, miguu haipo! Watu wawili wanacheza, basi, na mtazamaji mgeni hatajua kamwe alichonyang'anywa.

Nililalamika. Mhudumu akanijibu kwamba "filamu za zamani ndivyo zilivyo, ndugu mteja", jibu la mtu asiyeijua bidhaa anayoiuza wala asiyetaka kuijua.

Nilitaka kuwaambia watu wote wasilipe hata senti. Hata hivyo, pale kanisani, kamera inapomsogelea Sunako kwa kurukaruka, kila picha ikiukaribia zaidi uso wake, nilishikwa na baridi kama mara ya kwanza nilipoitazama katika nakala kamili. Wahusika wanapofifia na kuacha barabara tupu badala ya kuondoka kwa miguu yao, bado moyo unauma. Kwa hiyo siwezi kusema msiitazame. Itazameni, maana hata ikiwa imekatwa inazishinda nyingi nilizoziona.

Lakini hasira yangu iko palepale. Nimesitisha malipo, na siku watakayorudisha picha nzima, uzi ukionekana, nitalipa tena siku hiyohiyo.