Cheti cha "sayari yako": binti yangu alitafuta herufi a, hakuiona

Nyota moja kati ya tano, na hiyo moja ni ya fremu.

Binti yangu alipotimiza miaka 11 nilimnunulia cheti cha kuipa sayari jina lake, sayari ya huko nje kabisa ya mfumo wa jua letu. Huduma yenyewe ni ya mtandaoni. Unajaza jina, unachagua rangi ya fremu, unalipa, na baada ya wiki mbili bahasha ngumu inafika mlangoni. Karatasi nzito, maandishi ya dhahabu, muhuri wa nta nyekundu pembeni. Hapo sina lawama.

Shida iko mstari wa tatu. Chini ya jina la mtoto wameandika: "Jina la kisayansi: TRAPPIST-1 a."

Binti yangu anazijua sayari hizi kama wenzake wanavyojua wachezaji wa timu zao. Akafungua orodha ya NASA, ambayo ni ya bure kwa kila mtu, akapitisha kidole kwenye sayari za nyota iitwayo TRAPPIST-1: b, c, d, e, f, g, h. Saba. Akarudi juu, akahesabu upya.

"Baba, a haipo."

Haipo, wala haitakuwepo. Sayari ya aina hii huitwa kwa jina la nyota yake, kisha huongezwa herufi ndogo kuanzia b, kwa kuwa herufi ya kwanza ni ya nyota yenyewe. Iliyotangulia kugunduliwa huwa b, inayofuata c, na kuendelea. Zikigunduliwa kwa mkupuo, hupangwa kuanzia iliyo karibu na nyota. Ndiyo maana 55 Cancri e, inayomaliza mwaka wake kwa saa 18 tu, iko karibu na nyota yake kuliko b. Ilionekana mwaka 2004, wenzake watatu wakiwa wameshachukua herufi zao. Hata neno TRAPPIST lina asili yake: ni darubini iliyoko Chile, ndiyo iliyowaonyesha watafiti sayari za mwanzo za nyota ile. Majina haya yanaonekana makavu, lakini ukiyasoma vizuri yanakusimulia chombo gani kiliona na kwa zamu ipi. Anayeuza majina ya sayari asipolijua hili, mimi nimelipia nini?

Niliwaandikia huduma kwa wateja. Wakajibu kwamba jina "limeingizwa kwenye daftari letu la kudumu". Daftari lao wenyewe! Hakuna mwanafalaki anayelifungua. Majina rasmi hutolewa na Umoja wa Kimataifa wa Falaki, IAU, nao hauuzi jina kwa yeyote. Tena katika mashindano yao, jina la mtu aliye hai haliruhusiwi, kwa hiyo la binti yangu lisingepita hata kama kampuni ingelipeleka. Hilo lilistahili kuandikwa kwenye ukurasa wa malipo, kwa herufi kubwa, kabla mzazi hajabonyeza kitufe.

Kilichoniuma zaidi ni kwamba njia ya kweli ipo, na ina majina mazuri kupita yote niliyoyaona kwenye vyeti. IAU imewaita watu wa nchi mbalimbali kupendekeza majina mwaka 2015, 2019 na 2022. Kenya ilileta maneno ya Kimaasai: nyota GJ 1214 sasa ni Orkaria, yaani udongo mwekundu wa kujipaka, na sayari yake ni Enaiposha, maji mengi kama ya ziwa au bahari. Limekaa pake hasa, maana nyota yenyewe ni nyekundu, na sayari ile imedhaniwa kwa miaka kuwa na maji tele. Tanzania ikaipa WASP-71 jina la mti, Mpingo, na sayari yake ikawa Tanzanite. Namba za zamani hazikufutwa; jina na namba vinakwenda pamoja.

Nimeomba kurudishiwa hela. Leo ni siku ya 20, kimya. Cheti kimetolewa kwenye fremu. Mahali pake pana karatasi aliyoiandika binti yangu mwenyewe kwa kalamu ya wino: WASP-71 b, na chini yake, kwa herufi za mwandiko, Tanzanite.