Atelie ya mchoraji kule Kamalondo, Lubumbashi: uso ameupata, miguu nimeidai

Jina lake silitaji, maana nitamlalamikia kidogo na bado nataka tusalimiane. Anafanyia kazi barazani, chini ya mabati, na picha mbili za Mamba Muntu, yule nguva wa hapa kwetu, zimeegemezwa ukutani zikisubiri wenyewe.

Nilienda kuagiza picha yangu ya kutundika sebuleni, mwili mzima, kofia hadi viatu. Wazo lilitoka kwa binti yangu, ambaye alinionyesha kwenye simu kijana mmoja aitwaye Marten Soolmans, aliyechorwa na Rembrandt, mchoraji wa Uholanzi, mwaka 1634. Nikamwambia: huyu ni mtu wa soko letu. Baba yake alikimbia Antwerp, akafika Amsterdam, akatajirika kwa kusafisha sukari. Mimi nauza sukari ya Zambia, mifuko ya kilo 50 inayopita mpaka wa Kasumbalesa. Tofauti ni kwamba Marten alizikuta pesa zikimngoja.

Kule Amsterdam enzi zile, mfanyabiashara alizoea kuchorwa kichwa na mabega, akizidi sana nusu mwili. Kusimama mzima kwa kimo chako halisi kulikuwa mambo ya wafalme na wakubwa wa damu. Marten, na miaka yake 21, akalipia zaidi ya mita 2 za turubai, kisha nyingine kama hiyo ya mkewe Oopjen Coppit, mtoto wa familia ya matajiri wa zamani wa mji ule. Amevaa kostimu nyeusi, ukosi wa lesi umemwagika mabegani, mkono wa kushoto unanyoosha glavu. Na viatu! Juu ya kila kimoja ua la utepe kubwa kama kabichi. Uso bado wa mtoto, mashavu ya mviringo, lakini miguu imeshafika ikulu.

Nilichokipenda zaidi ni kile ambacho hakimo. Hamna gunia, hamna mzani, hamna tanuru. Ukimtazama huwezi kujua kwamba nyumba yao ilinuka sukari ya kuchemka. Wala huwaoni watumwa wa Brazili waliokata ile miwa, wengi wao wakiwa wametolewa Kongo na Angola. Binti yangu alisema, "Papa, hiyo lesi nayo ni miwa." Nilinyamaza, kwa sababu bado nilikuwa nazitaka zile pozi.

Basi, huduma. Bei dola 120, avansi (malipo ya awali) 60. Kitambaa ni mfuko wa unga uliofuliwa na kupakwa rangi nyeupe, kama walivyofanya wachoraji wa hapa tangu zamani, na sina ubishi nao. Anafanya kazi kwa foto, kwa hiyo hakuna kukaa kitini siku nzima. Akaniuliza, "Papa, nyuma yako tuweke nini? Kamioni? Bomba la moshi la Gécamines, kampuni ya migodi?" Wateja wake, anasema, wanataka mali ionekane. Nikamwonyesha Marten. Akashika simu muda mrefu, akasogeza picha kwa vidole mpaka kwenye viatu. "Huyu hana hata baiskeli," akasema, "lakini unaona tu kwamba umekuja kumwomba yeye." Pale nikamwamini.

Uso ameupata sawasawa, mpaka kovu langu la nyusi. Vidole vimemshinda, vimekaa kama chane ya ndizi. Kuchelewa wiki tatu ningesamehe. Ila nilipofika kuchukua mzigo wangu, nimeishia magotini!

"Mfuko uliishia hapo, papa."

Nikamwambia picha iliyokatwa magotini ni ya mtu anayetafuta pasipoti. Nikashikilia dola 60 zilizobaki. Sifa yake ni kwamba hakununa. Alishona kipande cha mfuko mwingine kwa chini, uzi mnene, akapaka juu, akaniletea hadi nyumbani. Mshono unaonekana ukisimama karibu, unakatiza magoti kama njia ya reli. Chini yake kuna viatu vyangu vya kahawia vya kwenda misa, vinang'aa, na bila kumwagiza ameviongezea utepe mwekundu. Nikamlipa zote.

Kama unaagiza, pima mfuko kwanza, wewe mwenyewe, kwa futi yako. Na kama ni wawili, bei ya pili anaishusha hadi 90. Mke wangu mwanzoni alikataa, eti hasimami juu ya gunia. Nilimweleza kwamba Ufaransa na Uholanzi ziliwanunua Marten na Oopjen mwaka 2016 kwa euro milioni 160, nusu kwa nusu, na kwamba hawaonyeshwi mmoja bila mwenzake. Hakujibu. Jioni nilimkuta amesimama mbele ya picha, anaangalia zile tepe nyekundu, akaniuliza kama yule mtu anaweza pia kuchora pagne ya waksi, kitenge chake, bila kuharibu maua yake.