Swali moja au maswali sita: kuhesabu watu wenye ulemavu Uganda

Swali moja, "Kuna mlemavu humu ndani?", ni la haraka, na linapotosha vibaya. Kwa Kiganda neno lililozoeleka, mulema, humpeleka msikilizaji moja kwa moja kwenye miguu na mikono. Nyanya asiyeona vizuri anachukuliwa kuwa mzee tu, kiziwi anarukwa, na mzazi mwenye aibu anajibu "hakuna" huku mtoto yuko chumba cha ndani.

Maswali sita ya Kundi la Washington, kundi la takwimu za ulemavu lililoundwa mwaka 2001 chini ya Umoja wa Mataifa, huuliza ugumu wa kuona, kusikia, kutembea, kukumbuka, kujihudumia na kuwasiliana. Majibu ni manne: hakuna ugumu, ugumu kiasi, ugumu mkubwa, siwezi kabisa. Neno ulemavu halitajwi, na hapo ndipo nguvu yake ilipo. Anahesabiwa aliyejibu "ugumu mkubwa" au zaidi, hata kwa swali moja. Ukishusha kiwango cha kuhesabiwa hadi "ugumu kiasi" idadi inaruka, kwa hiyo usilinganishe ripoti mbili kabla ya kuangalia kiwango kilichotumika.

Maswali hayo hayagusi wasiwasi wala sonona, na kwa watoto wa miaka 2 hadi 17 kuna moduli yao, yaani seti ya maswali yao wenyewe, iliyotengenezwa pamoja na UNICEF. Karani anayeuliza maswali naye asitafsiri papo hapo mlangoni. Apewe maandishi ya Kiganda, Kiacholi au Kiswahili yaliyokwisha kujaribiwa.

Kwa hesabu, chukua sita. Lakini anayetafiti utamaduni asilitupe lile moja: linaonyesha kijiji kinamwita nani mlemavu.